Jazi, Dansi na Bendi ya Chuo: Historia Fupi ya Istilahi Zetu za Muziki

Utangulizi

Msafiri atokaye Tabora kwenda Mwanza kwa reli hupita Isaka, kituo kilichomo katika Wilaya ya Kahama, Mkoa wa Shinyanga. Bahari iko mbali mno na mahali hapo. Hata hivyo, tangu mwishoni mwa miaka ya 1990 Isaka imekuwa na bandari, ambamo mizigo ya Rwanda na Burundi hushushwa kutoka katika mabehewa na kupakiwa katika malori. Bandari hiyo huitwa bandari kavu. Istilahi hiyo iliundwa kwa maneno mawili ambayo kila mtu aliyajua tangu zamani, na tangu ilipotoka mkulima wa Kahama na karani wa forodha wameitumia bila kuhitaji kufasiriana.

Twaanzia Isaka kwa sababu mbili. Kwanza, bandari kavu yatukumbusha kuwa istilahi njema haina budi kueleweka na wale ambao kazi yenyewe iko mikononi mwao. Pili, reli hiyo iliyofika Mwanza mwaka 1928 haikupitisha pamba na karanga peke yake. Ilipitisha pia magitaa, sahani za santuri, mitindo ya kucheza, na maneno ya kuitia mambo hayo. Mojawapo la maneno hayo ni jazi, na ndilo tunalotaka kulichunguza katika makala haya.

Tatizo letu ni hili. Muziki sasa ni somo la chuo kikuu katika nchi zetu, na katika somo hilo jazi ya Marekani ina sura yake. Lakini katika Tanzania neno hilo lilikuwa limekwisha kuishi zaidi ya miaka arobaini kabla vyuo vyetu vikuu havijaanza kufundisha muziki, na maana yake ilikuwa nyingine. Tukikubali maana ya kitabu cha kigeni bila kufikiri, tutakuwa tumewaambia wazee wetu kwamba walikosea jina la kazi yao wenyewe.

Neno moja lililokopwa mara mbili

Jambo hili si geni katika lugha yetu. Mwishoni mwa karne ya kumi na tisa vijana wa miji ya pwani walianza kucheza ngoma iliyoiga gwaride na tarumbeta za askari. Wakaiita beni, kutokana na neno la Kiingereza lenye maana ya kundi la wapiga muziki. Wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia askari na wapagazi waliieneza beni bara, ikafika hata Tabora. Vyama vyake vikubwa, Marini na Arinoti, vilikuwa na vyeo vya kijeshi, sare, na mashindano makali.

Baadaye beni ilipofifia na dansi ikashika mahali pake, neno lile lile la Kiingereza lilikopwa kwa mara ya pili, safari hii likawa bendi. Wala Kiswahili hakikuchanganyikiwa. Beni ilibaki jina la ngoma ile ya kale, na bendi ikawa jina la kundi la wapigaji wa magitaa, tumba na saksafoni. Chanzo kimoja kimezaa maneno mawili yenye maana mbili, na hakuna baraza lililoamuru hivyo. Yafaa tulikumbuke jambo hili tunapolijadili neno jazi.

Jazi bila jazi

Katika miaka ya 1930 Dar es Salaam ilipata bendi iliyojiita Dar es Salaam Jazz Band. Mwaka 1944 ikafuata Morogoro Jazz, ambayo baadaye ilipata sifa kubwa kwa gitaa na sauti ya Mbaraka Mwinshehe. Mwaka 1959 watu waliotoka Magharibi ya nchi walianzisha Western Jazz huko Dar es Salaam, wakaipa jina la nyumbani kwao. Tabora yenyewe ilikuwa na Tabora Jazz na Nyanyembe Jazz. Mwaka 1964 chama cha wafanyakazi kikaunda NUTA Jazz, na vyombo vingine vya umma vikafuata mfano huo.

Je, bendi hizo zilipiga jazi ya Marekani? La. Sahani zilizosikilizwa sana tangu miaka ya 1930 zilikuwa za muziki wa Kuba, na baadaye zikaongezeka za Kongo. Bendi zikapiga rumba, cha-cha na bolero, kisha zikatunga mitindo yao. Western Jazz ilijulikana kwa saboso, Tabora Jazz kwa segere matata, NUTA Jazz kwa msondo. Salum Abdallah wa Morogoro, aliyeunda bendi yake mwaka 1948, alisema wazi chemchemi ya muziki wake kwa kuiita Cuban Marimba. Wengine walisema jazi. Kwao neno hilo halikutaja aina ya muziki. Lilitaja aina ya kundi, yaani kundi la kisasa la mjini, lenye magitaa na ala za kupuliza, linalopigia watu dansi ukumbini kwa kiingilio.

Maana hiyo haikuwa kosa. Ilikuwa maana kamili, iliyoeleweka kutoka Dar es Salaam hadi Mwanza, nayo ilidumu muda mrefu kuliko istilahi nyingi zilizotungwa mezani.

Dansi bila dansi

Sasa na tuvuke bahari. Huko Marekani, ambako jazi ilizaliwa miongoni mwa Waafrika-Wamarekani wa New Orleans na miji mingine, vyuo vilichelewa kuikubali. Walimu wengi wa muziki waliiona kuwa muziki wa vilabu vya pombe, usiostahili kuingia darasani. Vyuo vya watu weusi vilikuwa mbele: katika miaka ya 1930 bendi ya wanafunzi wa chuo cha Alabama State ilikuwa ikipiga katika kumbi za dansi, na kutoka humo alitoka mpiga tarumbeta Erskine Hawkins. Lakini hao walijifunza katika bendi, si katika mtaala.

Mwaka 1945 Lawrence Berk alifungua shule mjini Boston, ambayo baadaye ikawa chuo cha Berklee. Mwaka 1947 chuo cha North Texas, kilichoko Denton, kikawa cha kwanza kutoa shahada katika fani hiyo, chini ya mwalimu Gene Hall. Hapa ndipo penye jambo la kutufurahisha sisi wapenda istilahi. Fani hiyo haikuitwa jazi. Iliitwa bendi ya dansi, kwa kuwa jina la jazi lilikuwa bado na aibu mbele ya wakuu wa vyuo.

Msomaji na ayaweke mambo haya mawili pamoja. Katika mwongo huo huo wa 1940, kule Texas vijana walikuwa wakijifunza jazi na kuiita dansi. Huku Morogoro vijana walikuwa wakipiga dansi na kuiita jazi. Kila upande ulichagua jina kwa ajili ya heshima. Mmarekani alilificha neno jazi ili apate kuingia chuoni, na Mtanganyika alilitangaza ili apate kuingia mjini. Basi asiwepo mtu wa kutuambia kuwa wenzetu walikuwa na jina la haki na sisi tulikuwa na jina la makosa.

Baadaye aibu ile iliondoka. Mwaka 1968 walimu wa jazi wa Marekani waliunda chama chao, na bendi za vyuo zikaenea nchini mwao kote. Katika bara letu, Chuo Kikuu cha Natal huko Afrika ya Kusini kilianza kufundisha jazi mwaka 1983 chini ya Darius Brubeck.

Vyuo vyetu

Katika Afrika ya Mashariki elimu ya juu ya muziki ilipitia njia nyingine. Makerere ilianzisha idara ya muziki, ngoma na tamthilia mwaka 1971. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kiliingiza muziki pamoja na sanaa za maonyesho katika miaka hiyo hiyo ya 1970. Mwaka 1981 kilifunguliwa Chuo cha Sanaa cha Bagamoyo, baada ya kuvunjwa kwa Kikundi cha Taifa cha Ngoma kilichoundwa mwaka 1963. Unguja ilipata Chuo cha Muziki wa Nchi za Jahazi mwaka 2002. Kwa watu wa Shinyanga na Geita, chuo cha karibu ni cha ualimu cha Butimba, Mwanza, ambacho kimewaandaa walimu wengi wa sanaa na michezo.

Twaona basi kwamba kwetu ngoma iliingia chuoni kabla ya dansi. Msukuma aliyeingia Bagamoyo aliikuta bugobogobo, ngoma ya majembe ya kwao, ikifundishwa kwa heshima. Lakini muziki wa bendi, ambao baba yake aliucheza Jumamosi, ulibaki nje ya mlango kwa muda mrefu, sawasawa na jazi ilivyobaki nje ya milango ya Marekani.

Na tumfikirie kijana wa Isaka anayeingia chuo kikuu kusomea muziki. Amekulia katika kwaya ya kanisa, akajua nota na mpangilio wa sauti ya kwanza mpaka ya nne. Amewasikia wazee wakisimulia vyama vya ngoma vya Bagika na Bagalu, ambavyo baada ya mavuno hucheza wakati mmoja katika uwanja mmoja, na ushindi huwa wa yule aliyevuta watazamaji wengi. Anajua kuwa mtunzi na kiongozi wa nyimbo huitwa ningi. Anajua solo, ridhimu na besi, na anajua chemko, pale wimbo wa dansi unapochangamka na waimbaji kuyaachia magitaa nafasi. Kijana huyu ana istilahi tele. Lakini mhadhara hutolewa kwa Kiingereza, na katika daftari lake hakuna neno hata moja kati ya hayo. Mwishoni mwa mwaka wa kwanza aweza kudhani kuwa alikuja chuoni bila kujua chochote. Hiyo ndiyo hasara tunayoihofia, nayo haiwezi kulipwa kwa kuongeza vinanda.

Mapendekezo

Kwa sababu hizo twapendekeza mambo yafuatayo, ili yajadiliwe.

Kwanza, jazi liwe jina la muziki wa Waafrika-Wamarekani na mitindo iliyotokana nao. Umbo la Jazz, kama lilivyoandikwa katika majina ya bendi zetu, lisiguswe wala kusahihishwa, kwa kuwa ni sehemu ya historia. Hivi ndivyo beni na bendi zilivyogawana kazi bila ugomvi.

Pili, muziki wa bendi zetu uitwe muziki wa dansi, kama wenyewe wanavyouita, na jina hilo liingie katika mitaala bila kuonewa haya.

Tatu, kundi la wanafunzi linalojifunza kwa kupiga pamoja liitwe bendi ya chuo ikiwa lina ala za kupuliza na magitaa, na kikundi cha ala ikiwa ni la namna nyingine. Neno okestra lisitumiwe kwa kila kundi kubwa, maana bendi zetu za dansi zimekwisha kulitumia kwa njia yao.

Nne, ufundi wa mpigaji kubuni sauti papo hapo, ambao ndio roho ya jazi, usiachwe bila jina. Watu wa taarabu ya Unguja wana neno taksimu, linalotaja sehemu ambayo mpigaji mmoja hubuni peke yake. Twapendekeza ubunifu wa papo kwa papo liwe jina la ufundi kwa jumla, na taksimu libaki kwa taarabu.

Tano, chemko na mtindo yaingizwe katika orodha za istilahi pamoja na maana zake za kimuziki. Neno ningi nalo lifikiriwe, kwani Kiswahili hakina neno moja linalounganisha mtunzi, mwimbaji na kiongozi wa kundi katika mtu mmoja.

Hitimisho

Wasomaji wengine watasema kuwa maneno haya ni ya mitaani na ya mashambani, hayafai katika chuo kikuu. Twawajibu kuwa wakuu wa vyuo vya Marekani walisema hivyo hivyo juu ya jazi, na leo vyuo hivyo hivyo huitangaza kuwa fahari yao. Sisi hatuna haja ya kungoja muda kama huo. Waliounda bandari kavu hawakuuliza kama neno kavu lina hadhi ya kutosha. Waliuliza kama linasema kweli. Na tuyapime maneno ya muziki wetu kwa kipimo hicho.