Fuko na Saratani: Ushahidi Unatufikisha Wapi?

Katika kurasa za sayansi za magazeti, fuko asiye na manyoya (Heterocephalus glaber) hutambulishwa kwa sifa moja: mnyama asiyeugua saratani. Makazi yake ni mashimo ya ardhi kavu ya Kenya, Ethiopia na Somalia. Ana uzito wa gramu 35 hivi, na baadhi ya waliofugwa maabara wamevuka umri wa miaka 30, umri ambao panya wa ukubwa wake haukaribii hata kidogo. Sifa ya kutougua saratani, hata hivyo, haisimami tena kama inavyosimuliwa. Na ninadai kwamba kuishabikia kumetupotezea muda ambao ungetumika kuchunguza jambo jingine la fuko huyuhuyu, lililo karibu zaidi na tiba.

Umaarufu huo ulitokana na utafiti wa Chuo Kikuu cha Rochester, Marekani, uliochapishwa katika jarida la Nature mwaka 2013. Vera Gorbunova, Andrei Seluanov na wenzao waligundua kuwa seli za fuko hutoa haialuronani, sukari ndefu inayojaza nafasi kati ya seli, ambayo molekyuli zake ni kubwa kuliko za binadamu zaidi ya mara tano. Ilipoondolewa, seli hizo zilikuwa rahisi kugeuzwa kuwa za saratani. Hoja ilivutia, na kwa haki. Lakini mwaka 2016 madaktari wa wanyama walieleza saratani katika fuko wawili waliofugwa kwenye bustani ya wanyama. Wawili ni wachache, ila wanatosha kufuta neno “kamwe”.

Pigo zito zaidi lilitoka Cambridge mwaka 2020, tena katika jarida lilelile. Watafiti walichukua seli za fuko 11 na kuzipandikiza jeni mbili ambazo kwa pamoja huzigeuza seli za panya kuwa za saratani. Za fuko nazo ziligeuka, na zilipodungwa ndani ya panya zikaota uvimbe. Kumbe kinga haikai katika seli peke yake. Yaelekea sehemu kubwa yake imo katika mwili unaoizunguka seli, ukiwemo mfumo wa kinga. Wapo waliotangaza kwamba matokeo ya 2013 yamekufa. Mimi sikubaliani nao. Mwaka 2023 kundi la Rochester lilichukua jeni ya fuko inayounda haialuronani hiyo na kuiweka katika panya. Saratani ilipungua, na umri wa kati wa panya hao ukaongezeka kwa asilimia 4.4. Kwa mnyama anayeishi miaka miwili na ushei, hiyo ni kama mwezi mmoja. Ongezeko ni la kweli, nalo ni dogo: haialuronani inaeleza sehemu tu ya siri.

Sasa tuje kwenye utafiti uliotangazwa kwa sauti ndogo zaidi. Mwaka 2017, Thomas Park na wenzake walionyesha katika jarida la Science kwamba fuko anaweza kukaa dakika 18 bila oksijeni yoyote, kisha akaamka bila madhara yanayoonekana. Moyo hupunguza mapigo, na damu hujaa fruktosi. Hapo ndipo penye biokemia ya kuvutia. Glukosi, ili itoe nishati, lazima ipite kwenye kimeng’enya kiitwacho fosfofruktokinesi, na asidi inapolundikana kwa kukosa oksijeni, kimeng’enya hicho huzuiwa. Fruktosi huingia katika njia hiyo ikiwa imeshakipita kizuizi hicho, kwa hiyo ubongo na moyo huendelea kupata nishati kidogo ya kujikimu.

Binadamu naye anazo protini zinazohitajika kutumia fruktosi: ya kusafirisha fruktosi iko kwa wingi kwenye utumbo, na kimeng’enya cha kuishughulikia kiko kwenye ini na figo. Kinachotofautiana ni mahali zilipo na kiasi chake. Hili ni swali ambalo tiba inaweza kulishika, kwani kiharusi na mshtuko wa moyo huua seli kwa kuzinyima oksijeni. Mgawanyo wa fedha za utafiti ukifika mezani, ningeanza na fruktosi kabla ya haialuronani.

Hadi sasa hakuna dawa ya saratani wala ya kiharusi itokanayo na fuko iliyoidhinishwa kutibu wagonjwa. Anayetangaza vinginevyo na aulizwe kwanza: jaribio lilifanywa kwenye seli, kwa panya, au kwa mtu?