Jina la zabibu au zeituni kwenye chupa lina maana gani?

MNUNUZI anayesimama mbele ya rafu za mvinyo katika duka kubwa jijini Nairobi au Mombasa hukutana na majina ambayo si ya miji wala ya watu: Cabernet Sauvignon, Merlot, Pinotage, Chenin Blanc. Akisogea hadi kwenye rafu ya mafuta ya kupikia, huenda akaona chupa ya mafuta ya zeituni iliyoandikwa Picual, Arbequina au Koroneiki.

Hayo ni majina ya mimea. Kila moja hutaja aina mahususi ya mzabibu au mzeituni, kama vile mkulima wa Pwani anavyotofautisha embe ngowe, embe dodo na embe boribo. Zote ni maembe, lakini hakuna anayeyajua atakayedai kwamba ladha yake ni moja.

Mvinyo au mafuta yaliyotengenezwa kwa matunda ya aina moja hutofautishwa na yale ya mchanganyiko, na aghalabu jina hilo la mmea huwa sehemu ya sababu ya bei. Kwa hivyo ni haki ya mnunuzi kuuliza: jina hilo linaahidi nini, na ahadi yenyewe inaweza kutegemewa kwa kiasi gani?

Mti mmoja, mashamba maelfu

Ukipanda mbegu iliyotoka ndani ya zabibu ya Cabernet Sauvignon, hutapata Cabernet Sauvignon. Utapata mzabibu mpya wenye tabia zake, kama mtoto ambaye si nakala ya mzazi wake. Ndiyo maana wakulima huizidisha mizabibu na mizeituni kwa vipande vya matawi, sawa na tunavyopanda muhogo kwa pingili.

Maana yake ni kwamba kila mzabibu wa Cabernet Sauvignon duniani, uwe Ufaransa, Chile au Afrika Kusini, ni kipande kilichotokana na mmea mmoja wa kale. Katika miaka ya 1990, watafiti John Bowers na Carole Meredith wa Chuo Kikuu cha California, Davis, walionyesha kwa vipimo vya DNA kwamba mmea huo ulizaliwa kutokana na Cabernet Franc, ambayo ni zabibu nyeusi, na Sauvignon Blanc, ambayo ni nyeupe.

Mara nyingi sehemu inayobeba jina ni ile ya juu tu. Katika miaka ya 1860, mdudu mdogo aitwaye filoksera, mwenye asili ya Amerika Kaskazini, alianza kuharibu mizizi ya mizabibu nchini Ufaransa na baadaye kwingineko Ulaya. Suluhisho lililodumu lilikuwa kupandikiza matawi ya mizabibu ya Ulaya juu ya mashina ya mizabibu ya Amerika, ambayo mizizi yake humstahimili mdudu huyo. Tunda hufuata tabia ya tawi lililopandikizwa, si ya mzizi.

Mizeituni nayo ina siri yake. Aina nyingi huzaa vizuri zaidi zikipata chavua kutoka kwa mti wa aina nyingine. Hata hivyo, jambo hilo haliyaondolei mafuta hadhi ya aina moja, kwa kuwa nyama ya zeituni, ambamo mna sehemu kubwa ya mafuta, hutokana na mti mama. Chavua ya kigeni hugusa mbegu iliyomo ndani ya kokwa.

Mahali au mmea?

Kwa karne nyingi, Ulaya iliuza mvinyo kwa jina la mahali. Chupa ya Burgundy huenda isitaje zabibu yoyote, ingawa mvinyo mwekundu wa eneo hilo kwa kawaida ni wa Pinot Noir na mweupe ni wa Chardonnay. Barolo ya Italia hutengenezwa kwa Nebbiolo peke yake. Bordeaux, kwa upande wake, inasifika kwa kuchanganya Cabernet Sauvignon, Merlot na zabibu nyinginezo.

Desturi ya kutanguliza jina la zabibu ilipata nguvu Marekani. Huko, viwanda vingi viliazima majina ya Ulaya kama Burgundy na Chablis hata pale ambapo mvinyo haukuwa na uhusiano wowote na maeneo hayo. Kuanzia miaka ya 1930, mfanyabiashara na mwandishi Frank Schoonmaker alihimiza watengenezaji waandike jina la zabibu. Miongo mitatu baadaye, Robert Mondavi wa California alikuwa miongoni mwa waliolifanya jambo hilo kuwa la kawaida.

Mei 1976, katika shindano la kuonja mvinyo lililoandaliwa jijini Paris na Mwingereza Steven Spurrier, majaji wa Ufaransa waliweka Chardonnay na Cabernet Sauvignon za California mbele ya mivinyo mashuhuri ya nchi yao. Baada ya hapo, ilikuwa vigumu kudai kwamba zabibu hizo haziwezi kufanya makubwa nje ya Ufaransa.

Asilimia ngapi?

Wengi hudhani kwamba chupa iliyoandikwa Merlot ina Merlot tupu. Sheria haisemi hivyo. Katika Umoja wa Ulaya, mvinyo unaotaja aina moja ya zabibu sharti uwe na angalau asilimia 85 ya aina hiyo. Kiwango hicho ndicho kinachofuatwa Australia na Afrika Kusini. Nchini Marekani, kiwango cha kitaifa ni asilimia 75, ijapokuwa jimbo la Oregon hudai asilimia 90 kwa aina nyingi.

Sehemu inayobaki si lazima iwe hila. Mtengenezaji anaweza kuongeza zabibu nyingine kidogo ili kuipa rangi nguvu au kupunguza ukali. Wala mchanganyiko si kasoro, kwani baadhi ya mivinyo ghali zaidi duniani ni ya zabibu kadhaa. Jambo la msingi ni kuelewa kwamba neno 'Merlot' kwenye lebo, kisheria, huenda likamaanisha robo tatu ya Merlot na robo ya kitu kingine.

Pale jina lilipokosea

Wakati mwingine hata mkulima mwenyewe hajui anachokuza. Mwaka 1994, mtaalamu wa mizabibu kutoka Ufaransa, Jean-Michel Boursiquot, alikagua mashamba ya Chile na kubaini kwamba mizabibu mingi iliyoitwa Merlot ilikuwa Carménère. Aina hiyo ilitoka Bordeaux katika karne ya 19, kisha ikakaribia kutoweka huko kwao baada ya balaa la filoksera. Wakulima wa Chile walikuwa wakivuna pamoja zabibu zinazoiva kwa nyakati tofauti, wakiamini ni za aina moja. Leo Carménère ni fahari ya nchi hiyo.

Australia nayo ilipata pigo mwaka 2009. Vipimo vya DNA vilionyesha kwamba mizabibu iliyopandwa na kuuzwa kama Albariño, zabibu nyeupe ya Uhispania, ilikuwa Savagnin ya Ufaransa. Watengenezaji waliokuwa wamewekeza katika jina moja walilazimika kuanza upya na jina ambalo wateja wao hawakulijua.

Hayo yalikuwa makosa ya nia njema. Kuna mengine ambayo hayakuwa hivyo. Mwaka 2010, mahakama ya Carcassonne, kusini mwa Ufaransa, iliwatia hatiani watu 12 kwa kuuza nchini Marekani mvinyo wa zabibu za bei nafuu, zikiwemo Merlot na Syrah, kwa jina la Pinot Noir. Wakaguzi walishtuka walipoona kwamba kiasi kilichouzwa kilipita uwezo wa eneo hilo kuzalisha Pinot Noir.

Italia nayo ilitikiswa mwaka 2008, wachunguzi walipowashuku baadhi ya watengenezaji wa Brunello di Montalcino kuchanganya zabibu nyingine katika mvinyo ambao kanuni zake hudai Sangiovese pekee. Baadaye mwaka huo, watengenezaji walipiga kura na kuamua kanuni hiyo ibaki ilivyo.

Si rahisi kwa maabara kukata shauri. DNA ya zabibu huharibika mvinyo unapochachuka, na ile inayobaki katika mafuta ya zeituni ni chache mno. Kwa sababu hiyo, ulinzi mkubwa wa mnunuzi hubaki kuwa rekodi za shamba, kinu na ghala.

Tabia za mafuta

Mizeituni ina mamia ya aina. Mjini Cordoba, Uhispania, kuna hazina ya dunia ya aina za mizeituni iliyoanzishwa mwaka 1970. Nchi hiyo ndiyo inayoongoza duniani kwa kuzalisha mafuta hayo, na mkoa wake wa Jaén, uliojaa mizeituni ya Picual, ndio kitovu cha uzalishaji.

Mafuta ya Picual huwa machungu kiasi na huwasha kooni. Yana asidi ya oleiki kwa wingi, aghalabu karibu asilimia 80, pamoja na polifenoli nyingi, na kwa hivyo hayaharibiki upesi. Arbequina ya Catalonia ni laini na tamu zaidi mdomoni, lakini haidumu kama Picual. Koroneiki ya Ugiriki ina zeituni ndogo zenye mafuta yenye harufu ya majani mabichi. Coratina ya Puglia, kusini mwa Italia, inajulikana kwa ukali wake. Tunisia hutegemea zaidi Chemlali na Chetoui.

Hata hivyo, jina haliwezi kusema yote. Arbequina iliyopandwa katika mabonde yenye joto ya kaskazini-magharibi mwa Argentina imewahi kutoa mafuta yenye asidi ya oleiki chini ya asilimia 55, kiwango cha chini kilichotumiwa kimataifa kwa miaka mingi. Mti ni ule ule, lakini hali ya hewa imebadilisha mafuta.

Vilevile, daraja la mafuta halitolewi kwa kuzingatia aina ya mti. Ili mafuta yafikie daraja la juu linaloandikwa 'extra virgin', asidi huru haipaswi kuzidi asilimia 0.8, na waonjaji waliofunzwa wasigundue dosari yoyote ya ladha au harufu. Picual iliyovunwa vibaya ikarundikwa hadi ikavunda haiokolewi na jina lake.

Hatari ya yai moja kapuni

Kupanda aina moja kwa wingi hurahisisha kazi, kwani matunda huiva pamoja na mnunuzi hujua atakachopata. Lakini miti iliyo nakala za mmea mmoja ina udhaifu mmoja. Adui akiujua, hauachi hata mmoja.

Mwaka 2013, bakteria iitwayo Xylella fastidiosa iligunduliwa katika mizeituni ya Salento, kusini mwa Puglia. Huenezwa na wadudu wanaofyonza utomvu, na huziba njia za maji ndani ya mti hadi matawi yakauke. Aina mbili za jadi zilizotawala eneo hilo, Ogliarola Salentina na Cellina di Nardò, zilishindwa kabisa kustahimili. Mamilioni ya miti iliathirika, mingine ikiwa na umri wa karne kadhaa, na familia zilizoirithi zikabaki na magogo makavu.

Katikati ya maafa hayo, ilionekana kwamba miti ya Leccino ilikuwa bado ikichipua. Kwa miaka kadhaa, Leccino na aina nyingine iitwayo FS-17 ndizo pekee zilizoruhusiwa kupandwa upya katika maeneo yaliyoathirika. Ni funzo lenye pande mbili: utofauti wa aina uliokoa kilichosalia, lakini jibu likawa kupanda tena aina chache mno.

Afrika haiko nje ya habari hii

Pinotage, mojawapo ya majina tuliyotangulia kutaja, ni mzaliwa wa Afrika. Mwaka 1925, Profesa Abraham Izak Perold wa Stellenbosch alizalisha Pinot Noir na Cinsault, ambayo Afrika Kusini iliita Hermitage. Jina Pinotage lilionekana kwenye lebo kwa mara ya kwanza mwaka 1961.

Karibu nasi, wakulima wa Dodoma, Tanzania, huvuna zabibu mara mbili kwa mwaka, ikiwemo aina nyekundu iliyopewa jina la Makutupora. Nchini Kenya, Sauvignon Blanc na Shiraz zimewahi kukuzwa katika Bonde la Ufa karibu na Naivasha.

Kuhusu mizeituni, wengi hawajui kwamba tunayo yetu. Mti ambao Wakikuyu huuita mutamaiyu na Wamaasai oloirien ni mzeituni mwitu, ndugu wa karibu kabisa wa mizeituni ya Ulaya. Matunda yake ni madogo na yana nyama kidogo, na watu wetu wameuthamini zaidi kwa mbao zake ngumu na kwa kufukiza vibuyu vya maziwa.

Mnunuzi atazame nini?

Kwa mvinyo, jina la zabibu ni mwanzo mwema, lakini lisomwe pamoja na nchi, eneo na mwaka wa mavuno. Lebo inayosema asilimia 100 imeahidi zaidi ya ile inayotaja jina tu.

Kwa mafuta ya zeituni, tafuta daraja, tarehe ya mavuno na jina la shamba au kinu, ndipo uangalie aina. Chagua chupa ya rangi nzito, kwa kuwa mwanga huyaharibu mafuta. Usiyaweke kabatini ukingoja yakomae kama mvinyo, maana mafuta ya zeituni hayaongezeki ubora kwa umri. Uchungu na mwasho kooni visikutishe, kwani ni dalili ya polifenoli. Harufu ya uvundo au ya njugu zilizochina ndiyo ya kuogopwa.

Zaidi ya yote, mnunuzi akumbuke kwamba jina la mmea humweleza asili ya tunda. Uaminifu wa aliyelivuna, kulikamua na kulitia chupani ni jambo jingine, na jina hilo peke yake haliwezi kuuthibitisha.