Ndoano ilitangulia sheria

Reli ya Tanga ilifika Mombo mwaka 1905. Mwaka huohuo, huko Kenya, mlowezi Ewart Grogan alipandikiza katika mto Gura samaki wa trauti walioagizwa kutoka Scotland, ili Wazungu wenzake wapate cha kuvua kwa starehe. Baadaye samaki yule mgeni akawekewa leseni na kanuni. Perege wa mto Pangani hakupewa heshima hiyo.

Si kwamba hakujulikana. Mwaka 1949 majaribio ya kufuga perege kwenye mabwawa yalianza Korogwe, sambamba na Malya kule Mwanza. Mwaka 1955 mtaalamu wa samaki Mwingereza, Rosemary Lowe, alitangaza aina mpya za perege wa Ziwa Jipe na mto Pangani. Mmoja akampa jina la kitaalamu la Korogwe yenyewe.

Sisi watoto wa Mombo hatukuyajua hayo. Tulikuwa na ufito, mshipi wa nailoni, nyungunyungu waliochimbwa mgombani, na kipande cha bua la mtama kikielea majini. Bua likidokolewa-dokolewa, ujue ni perege. Likizama moja kwa moja, shika ufito vizuri, huyo kambale. Mzee aliyetufundisha, manamba wa zamani wa mkonge, alikuwa na katazo moja tu: "Wajukuu zangu, msitie utupa mtoni. Utupa haubagui mama wala mwana."

Alijua alichosema. Jike la perege huatamia mayai kinywani, na muda wote huo hali, au hula kidogo sana. Basi chambo humpita. Kokoro na sumu kama utupa humzoa yeye pamoja na kizazi kizima alichokibeba mdomoni. Sheria ya Uvuvi Namba 22 ya mwaka 2003 inakataza sumu na baruti. Mzee wetu alikwisha kutangulia kwa nusu ya katazo hilo.

Hatari ya leo hakuijua: sato. Watu wamemsambaza nje ya maji yake ya asili kwa sababu hukua upesi, na huko Ziwa Rutamba, Lindi, wanasayansi wamethibitisha kwamba amezaliana na perege huyu wa jina la Korogwe. Kwa hiyo anayetaka kuwatungia kanuni wavuvi wa starehe wa huku kwetu asianzie kwenye urefu wa samaki. Aanze na ndoo ya vifaranga wa sato inayoelekea mtoni, aizuie hapohapo. Ufito wa mtoto auache.