Fueli za roketi

Fueli za roketi ni kemikali zinazochomwa ndani ya injini ya roketi ili kutoa gesi yenye joto kali. Gesi hiyo hufyatuka kwa kasi kubwa kupitia mdomo wa injini na kuisukuma roketi upande wa pili. Injini ya gari hupata oksijeni hewani, lakini roketi huenda mahali pasipo na hewa. Kwa hiyo hubeba fueli pamoja na kioksidishaji, yaani kemikali inayotoa oksijeni ya kuchomea. Vyote viwili kwa kawaida huzidi asilimia 85 ya uzito wa roketi inapoondoka ardhini.

Aina kuu za fueli hizi zina historia katika Afrika Mashariki na Kati. Baadhi zilichomwa Ngomeni, kaskazini mwa Malindi, na katika jimbo la Shaba nchini Zaire (leo Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo). Nyingine zilibeba setilaiti za Kenya, Rwanda na Uganda kutoka nchi za mbali.

Vigezo vya uchaguzi

Kipimo cha kwanza ni msukumo mahususi, unaohesabiwa kwa sekunde: ni muda ambao kilo moja ya fueli na kioksidishaji chake inaweza kutoa nguvu inayolingana na uzito wa kilo moja. Idadi ya sekunde ikiwa kubwa, fueli hutumika kidogo kwa kazi ileile. Hata hivyo, wahandisi hawaishii hapo. Huangalia pia ukubwa wa matangi, baridi inayohitajika kuhifadhi fueli, sumu yake, bei yake, na kama injini inaweza kuzimwa na kuwashwa tena. Hakuna fueli inayoshinda katika yote.

Fueli mango

Fueli mango huchanganywa na kioksidishaji chake tangu kiwandani. Mchanganyiko wa kawaida una chembe za amoniamu pakloreti, unga wa alumini na gundi ya mpira. Humiminwa ndani ya ganda la roketi ukiwa mzito kama uji, kisha huachwa ugande. Katikati huachwa tundu, mara nyingi lenye umbo la nyota, na moto huanzia kwenye kuta za tundu hilo. Umbo lake ndilo linaloamua nguvu itakavyopanda na kushuka, kwa kuwa hakuna bomba wala vali ya kurekebisha. Ikishawaka haizimiki kwa urahisi. Msukumo wake mahususi ni mdogo, takriban sekunde 250 hadi 290, lakini huweza kukaa miaka mingi ikiwa tayari.

Sifa hiyo iliifaa Ngomeni. Mradi wa San Marco, ulioongozwa na Profesa Luigi Broglio wa Chuo Kikuu cha Roma, ulirusha roketi kutoka majukwaa ya chuma yaliyosimamishwa baharini katika Ghuba ya Ungwana. Roketi za utafiti wa anga zilianza kurushwa hapo 1964, na kati ya 1967 na 1988 zikarushwa roketi 9 za Scout za Marekani. Scout ilikuwa na hatua nne, Algol, Castor, Antares na Altair, zote za fueli mango. Jukwaani hapakuhitajika matangi ya oksijeni baridi wala mitambo ya kuipoza. Tarehe 12 Desemba 1970, siku ya kuadhimisha miaka 7 ya uhuru wa Kenya, Scout ilibeba Uhuru, setilaiti ya kwanza ya kuchunguza mionzi ya eksirei kutoka kwenye nyota.

Mafuta ya taa na oksijeni

Mafuta ya taa ya roketi ni ndugu wa yale ya koroboi, ila yamesafishwa zaidi ili yasiache masizi katika mabomba ya injini. Huchomwa pamoja na oksijeni iliyopozwa hadi nyuzi 183 chini ya sifuri za Selsiasi. Msukumo wake mahususi hufika sekunde 300 hadi 340. Ni mazito, hivyo tangi dogo hubeba mengi, na bei yake ni nafuu. Roketi ya Falcon 9, iliyorusha setilaiti ya Taifa-1 ya Kenya tarehe 15 Aprili 2023, hutumia fueli hii. PearlAfricaSat-1 ya Uganda, Novemba 2022, ilirushwa na roketi ya Antares yenye mafuta ya taa katika hatua ya kwanza na fueli mango katika hatua ya pili.

Hidrojeni

Hidrojeni ikichomwa na oksijeni hufikia takriban sekunde 450. Gharama yake ni ujazo na baridi: lita moja ya hidrojeni kiowevu ina uzito wa gramu 70 hivi, ilhali lita ya mafuta ya taa hukaribia gramu 800. Huchemka kwenye nyuzi 253 chini ya sifuri na hupenya hata nyufa ndogo; uvujaji wake uliahirisha safari ya mwezini ya Artemis I mwaka 2022. Roketi ya Kijapani H-IIB, iliyopeleka RwaSat-1 ya Rwanda Septemba 2019, ilitumia hidrojeni ikisaidiwa pembeni na roketi za fueli mango.

Fueli zinazohifadhika

Hidrazini na naitrojeni tetroksidi huwaka mara zinapokutana, bila cheche, na hukaa katika joto la kawaida. Huwekwa kwenye setilaiti na vyombo vinavyohitaji kuwasha injini mara nyingi, ingawa ni sumu kali. Kampuni ya OTRAG ya Ujerumani Magharibi, iliyofanya majaribio Shaba mwaka 1977 na 1978, ilifuata njia ya bei ndogo zaidi: mafuta ya taa na asidi ya nitriki iliyochanganywa na naitrojeni tetroksidi, yote yakisukumwa na hewa iliyoshindiliwa badala ya pampu. Jaribio la tatu lilishindwa mbele ya Rais Mobutu, na mwaka 1979 mradi ulisimamishwa Zaire.

Methani

Methani iko kati ya mafuta ya taa na hidrojeni kwa nguvu na kwa ujazo, na huacha masizi machache, jambo linalofaa injini za kutumiwa tena. Julai 2023 Zhuque-2 ya China ilikuwa roketi ya kwanza ya methani kufika kwenye mzingo.

Mahali pa kurushia

Ikweta huipa roketi inayoelekea mashariki kasi ya mita 465 hivi kwa sekunde bila kuchoma fueli. Ifo, mojawapo ya kambi za wakimbizi za Dadaab katika Kaunti ya Garissa nchini Kenya, iko karibu kabisa na mstari huo, lakini mashariki yake kuna makazi ya watu, na hatua za roketi zilizokwisha kazi huanguka. Ngomeni ina bahari upande huo. Scout ya mwisho iliondoka hapo tarehe 25 Machi 1988. Kituo hicho, ambacho sasa kina jina la Broglio, huendelea kufuatilia setilaiti na roketi za mataifa mbalimbali.