Hosiradishi ya Collinsville: Ardhi au Wakulima?

Sifa ya hosiradishi ya Collinsville, Illinois, hupewa udongo wa bonde la Mississippi. Hoja hiyo ina uzito: mzizi huu mkali, wa jamii moja na kabichi, hunenepa penye udongo mzito wa rutuba, wenye potashi na unyevu wa kutosha. Ila udongo huo ulikuwepo karne nyingi bila hosiradishi, mmea wenye asili ya Ulaya ya kusini-mashariki na Asia ya magharibi. Ni wahamiaji wa Kijerumani walioupanda huko mwishoni mwa karne ya 19, wakijua kuuotesha kwa vipande vya mizizi. Tena Henry J. Heinz, mwana wa wahamiaji wa Kijerumani, alianza kuiuza ndani ya chupa mwaka 1869 huko Sharpsburg, Pennsylvania, mbali kabisa na bonde hilo. Sifa ya kwanza ni ya wakulima.