Waashi wa Uongo wa Tsavo

Kila nifikapo sura ya reli darasani, wanafunzi wangu hutaka kusikia habari za simba wa Tsavo, wala siwalaumu, kwani hata mimi nilipokuwa mdogo nilitaka hizo hizo. Lakini wewe msomaji, nakuomba uwaache simba kwa muda, uwatazame waashi waliokuwa wakichonga mawe pale pale, mwaka ule ule wa 1898. Katika kisa chao utaiona shida kubwa ya mwajiri: fedha anazo, kazi ipo, watu wapo, na mafundi hana.

Ujenzi wa reli ulianzia Mombasa mwaka 1896, kwa amri ya Serikali ya Uingereza. Zilihitajika kazi nyingi: kupima njia, kutandika mataruma na kukaza vyuma, kujenga madaraja, kutengeneza mitambo iliyoharibika, kuendesha gari la moshi. Pengine utaambiwa kwamba watu wa nchi hii hawakujua kazi yo yote. Usikubali. Waashi wa Lamu na Mombasa walikuwa wamejenga kwa mawe na chokaa karne nyingi. Maseremala wa pwani walichora milango na kuunda mitepe iliyoshonwa kwa kamba bila msumari hata mmoja. Na wahunzi wa Ukambani walifua chuma. Ujuzi ulikuwapo. Uliokosekana ni ule wa reli, nao haukuweza kuwapo kabla ya reli yenyewe.

Basi mwajiri alikuwa na njia mbili: kuwafundisha wenyeji, au kuwaleta waliokwisha kujua. Kufundisha huchukua miaka, naye alikuwa na haraka. Bara Hindi, iliyotawaliwa na Waingereza hao hao, ilikuwa na reli tangu mwaka 1853. Akaagiza watu huko. Na kati ya mwaka 1896 na 1901 wakaletwa kiasi cha watu 32,000 kwa mikataba. Wengi walikuwa vibarua, wachache walikuwa mafundi. Waafrika nao walifanya kazi, hasa ya kufyeka, kuchimba na kuchukua mizigo.

Sasa turudi Tsavo. Msimamizi wa daraja la pale alikuwa J. H. Patterson, naye ameandika mambo hayo katika kitabu alichokichapisha mwaka 1907. Aliomba waashi, akaletewa waashi. Lakini walipoishika nyundo akaona kwamba wengi wao hawakuwa waashi kabisa. Walikuwa vibarua tu, waliosikia kwamba mwashi hulipwa rupia 45 kwa mwezi na kibarua rupia 12, nao wakajiandikisha uashi. Nani angewazuia? Aliyewaandika hakuwapa jiwe wachonge.

Patterson akaamua kulipa kwa kadiri ya kazi: mwashi wa kweli aweze kupata rupia zake 45, na yule wa uongo apate ujira wa kibarua. Shauri hilo lilikuwa la haki, lakini waongo walikuwa wengi kuliko wakweli. Wakawatisha mafundi ili wapunguze mwendo wa kazi, kisha wakafanya njama ya kumwua Patterson machimboni na kumtupa porini, ili lawama iwaangukie simba. Siku ilipofika walimzunguka. Akaruka juu ya jiwe, akasema nao mpaka wakatulia. Baadaye wakuu wa njama walifungwa.

Twaweza kucheka, lakini tazama gharama. Mwaka 1896 Bunge la Uingereza lilitoa pauni milioni tatu. Kazi ilipokwisha zilikuwa zimetumika zaidi ya pauni milioni tano. Sisemi kwamba upungufu wa mafundi peke yake ndio uliozila. Ukame, mbung'o na mteremko wa Bonde la Ufa vilikula sehemu yao. Lakini kila mtu aliyeletwa ilipasa asafirishwe baharini, alishwe, atibiwe, na mkataba ukiisha arudishwe. Kiasi cha 2,500 walikufa. Zaidi ya 6,000 walirudishwa kwao kwa ugonjwa au kwa kuumia. Hiyo ndiyo hesabu ambayo vitabu vya fedha havikuijumlisha.

Reli ilifika Kisumu Desemba 1901. Na hapa ndipo, kwa maoni yangu, mwajiri alipokosa zaidi, maana sasa haraka ilikuwa imekwisha. Wahindi zaidi ya 6,000 walibaki nchini, na baadhi yao wakaendelea kushika kazi za ufundi. Mwafrika akabaki kibarua kwa miaka mingi. Akaambiwa kwamba hajui, na asifundishwe. Chuo cha serikali cha kuwafundisha Waafrika useremala, uashi na uhunzi kilifunguliwa Kabete mwaka 1924: miaka 28 tangu kazi ya reli ilipoanza! Uhuru ulipopatikana mwaka 1963, upungufu ule ule ulikuwa ukiingoja serikali mpya, nayo ikauandika waziwazi miongoni mwa shida za nchi katika Waraka Na. 10 wa mwaka 1965.

Mwaka 2017 reli nyingine ilifunguliwa, kutoka Mombasa hadi Nairobi, na waliokuja kuijenga na ujuzi wao walikuwa Wachina. Kampuni yao ndiyo iliyoiendesha miaka ya kwanza. Lakini safari hii vijana wa Kenya, wasichana miongoni mwao, walikwenda China kujifunza udereva wa treni hata kabla ya abiria wa kwanza kukata tikiti.