Mwenye Kuunga Picha

Sisi wa Ulyankulu twamjua Mirambo kwa masimulizi ya wazee wetu. Watu wa ng'ambo walimjua kwa kalamu ya Stanley. Mwaka 1871 Stanley alikuwa upande wa Waarabu wa Tabora katika vita vyao na Mirambo, na katika maandiko yake alimfanya kuwa mnyang'anyi. Mwaka 1876 walikutana, wakachanjana udugu, na Stanley akaanza kumsifu. Mirambo ni yule yule. Aliyegeuka ni mwenye kupanga habari. Jambo hili ni kweli kwa kitabu, na kwa sinema ni kweli zaidi, kama tutakavyoona katika habari ya Meja L. A. Notcutt.

Notcutt hakuanza katika sinema. Alikuwa msimamizi wa mashamba katika Afrika ya Mashariki. Mwaka 1926, akiwa katika shamba la mkonge, alifikiri kwamba sinema yaweza kuwafanya wafanya kazi waridhike na kukaa. Basi kwanza alifikiri habari ya kuonyesha picha, ndipo akatamani kuzitengeneza.

Nafasi aliipata mwezi wa Machi 1935. Baraza la Kimataifa la Misheni, kwa fedha zilizotoka hasa katika shirika la Carnegie la Marekani, lilianzisha kazi ya sinema ya mafundisho huko Vugiri, katika milima ya Usambara. Notcutt aliongoza utengenezaji, na G. C. Latham, aliyekuwa mkuu wa elimu katika Rhodesia ya Kaskazini, aliongoza upande wa mafundisho. Hata Mei 1937 walikuwa wametengeneza picha 35, juu ya malaria ya watoto, safura, kilimo, kodi na mengineyo. Motokaa ilizichukua hata Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini.

Yafaa tufahamu kazi yenyewe. Sinema haipigwi mfululizo kama tuionavyo. Hupigwa vipande vipande; kisha mtu huketi, akakata utepe, akatupa asichokitaka, akaunga anachokitaka. Picha moja ya Vugiri ilihusu akiba ya Posta. Mtu mmoja aweka fedha zake Posta. Mwenziwe azifukia nyumbani, na mwizi aziiba. Ukiunga vipande hivyo, mtazamaji huamua mwenyewe nani mwerevu na nani mjinga, wala hajui kwamba ameamuliwa. Na kama mwenye kuunga hapendi kuonyesha urefu wa njia toka kijijini hata Posta, hana haja ya kusema uongo. Hukiacha kipande hicho tu.

Hata maneno yalitiwa baadaye. Picha zilipigwa bila sauti, na maelezo yakawekwa katika sahani za santuri kwa lugha mbalimbali.

Waafrika walicheza katika picha hizo, na vijana walifundishwa kazi ya chumba cha giza. Notcutt mwenyewe alikiri kwamba kijana mwenye akili aweza kuifanya sehemu kubwa ya kazi ya kila siku. Lakini mpango wa hadithi ulibaki mikononi mwa Wazungu. Mara nyingi ulikuwa mpango mmoja: desturi ya zamani ni hasara, desturi mpya ni faida. Hatukatai kwamba malaria huua, wala kwamba safura huondoa nguvu. Twasema tu kwamba mwanafunzi alifundishwa nusu ya kazi, na ile nusu yenye uamuzi hakupewa. Serikali zilipokosa kukubaliana kuiendeleza, kazi ya Vugiri ilikoma mwaka 1937.

Miaka mingi ilipita. Mwaka 1968 Tanzania ilianzisha shirika lake la filamu. Mwaka 1985 ikatoka Arusi ya Mariamu, iliyoongozwa na Nangayoma Ng'oge pamoja na Ron Mulvihill wa Marekani. Humo mwanamke mgonjwa, anayewaogopa waganga wa kienyeji, hupata nafuu kwa mganga. Mtu aweza kuikubali au kuikataa hadithi hiyo, lakini safari hii Mtanzania alikuwa miongoni mwa walioamua ionyeshe nini.

Basi, wazazi na walimu, kijana akitaka kujifunza kazi hii, tusifurahi kumwona amebeba mashine tu. Na ajifunze hata kukata na kuunga. Habari za Mirambo bado zimo vinywani mwa wazee, na ajaye na mkasi wake ndiye atakayeamua kipande gani kibaki.